Mbwa wa Gavana Ana Kaburi

Shangazi Dobi alilipiga pasi gauni lake jioni, akaamka akalipiga tena, na hata ndani ya basi la watalii bado alikuwa akilinyoosha magotini kwa kiganja. Mtu aliyenyoosha nguo za mtaa mzima tangu ujana wake hawezi kwenda kumwamkia baba yake akiwa na mikunjo. Na leo alikuwa anakwenda kumwamkia baba yake. Hayo mengine yote, viwanja na majumba na milingoti ya bendera, kwake yalikuwa ya njiani tu.

Baba huyo hakuwahi kumwona. Alikuwa fundi wa reli, akawaambia wenzake waweke nyundo chini mpaka walipwe kama watu, na asubuhi yake wakaja kumchukua. Tumbo la mkewe lilikuwa halijaanza hata kuonekana. Akaingizwa gereza kuu, akafia humo, na familia haikupewa maiti wala haikuonyeshwa kaburi. Askari mmoja mwenye huruma ndiye aliyemnong'oneza mama: mumeo amezikwa nyuma ya jiko, kati ya ukuta na tangi la maji. Mama akayashika maneno hayo mpaka anakata roho. "Siku watakayofungua lile lango," alimwambia binti yake, "mpitie baba yako umsalimie. Usiwe mtu wa kupita bila salamu."

Kaka yake, Mungu amrehemu, alikuwa mkubwa kidogo, kwa hiyo yeye aliwahi kumwamkia baba kila asubuhi kabla hajachukuliwa. Shangazi Dobi hakuwahi. Shikamoo zake amewapa wateja, amewapa majirani, amewapa hata wale wanaoleta mashuka machafu na kuondoka bila asante. Lakini "shikamoo, baba," ya kumwambia baba mwenyewe, hiyo ilikuwa bado imo kifuani na yeye mvi zimeshamjaa kichwani.

Si kwamba hakujaribu. Gereza lilipofungwa alikwenda langoni, mlinzi akamfukuza. Lilipofanywa makumbusho alikwenda tena, na msichana wa dirishani akamjibu bila kuinua macho kutoka kwenye simu yake.

"Haingii mtu mmoja mmoja, mama. Ni makundi tu, na mwongozaji wao."

"Mimi sitaki kutembezwa, mwanangu. Nataka kufika kwa baba yangu."

"Basi chukua safari ya siku nzima. Na chakula kimo."

Ndiyo hivyo. Ili umwone baba yako, lazima kwanza uzungushwe mji na ulishwe. Binti wa kaka yake, anayeuza simu, ndiye aliyekata tiketi mbili za "Safari ya Nyayo za Uhuru," akamwambia, "Tutakwenda wote, Shangazi. Ni babu yangu pia."

Mwongozaji alikuwa kijana wa sauti tamu, shati jeupe, kipaza sauti kimembana shavuni na spika ndogo inaning'inia kiunoni. Mkononi alishika mwavuli mwekundu, na akiuinua, kundi zima linamfuata. Kila baada ya maneno machache aliuliza, "Tuko pamoja?" na watu wakaitikia, "Pamoja!" Shangazi aliitikia mara ya kwanza, kwa adabu. Baadaye akaacha.

Kwenye uwanja ambapo bendera ilipandishwa hawakukaa hata kidogo, jua lilikuwa kali. Lakini kwenye jumba la gavana! Beseni la kuogea la gavana, lile lenye miguu ya chuma, lilielezwa kwa kirefu kuliko uhuru wenyewe: lilitoka wapi, lilibebwaje, maji yake yalichemshwa wapi. Aliyeyabeba maji hayo ngazi zote zile hakutajwa. Watu walipanga foleni kupiga picha na beseni.

Kisha wakapelekwa bustanini, chini kidogo ya baraza, na hapo Shangazi akaona kaburi. Kaburi safi la marumaru, lenye jina, lenye tarehe, limezungushiwa maua yaliyomwagiliwa asubuhi ile ile. Akadhani labda ni mmoja wa wale waliokufa wakidai nchi.

"Hapa, wageni wetu, amelala mbwa wa gavana," akasema mwongozaji kwa sauti ya msibani. "Bwana wake alipokwenda likizo, huyu alikataa kula, akafa kwa majonzi. Naomba tutulie kidogo kwa heshima yake."

Na watu wakatulia. Watu wazima, wenye akili zao timamu! Mzee mmoja akavua kofia. Mwanamke mmoja akasema, "Maskini," na kweli macho yakamlenga machozi.

"Heshima ya nani?" Shangazi akauliza.

"Shangazi, taratibu," binti wa kaka yake akamshika mkono.

"Taratibu nini? Mbwa ana kaburi, ana maua, ana mtu wa kumwagilia hayo maua. Nauliza tu, heshima ya nani?"

Mwongozaji akacheka kicheko cha kazini. "Mama yetu ana uchungu na historia, nampenda sana! Tuko pamoja?"

"Pamoja!" wakaitikia, na mwavuli ukainuka.

Ndani ya basi Shangazi alijikaza, akanyoosha gauni. Kumbuka kilichokuleta, alijiambia. Lakini hasira ikishapanda haiteremki kwa kuambiwa, na yake ilikuwa imeshafika kooni.

Gerezani walipokelewa kwa mashati. Mashati ya mistari, kama ya wafungwa, yametundikwa kwenye misumari, na chini yake minyororo ya kukodi kwa ajili ya picha. Pua ya Shangazi ilijua kabla ya macho: mashati hayo hayajaonja sabuni tangu yashonwe. Watu wakayagombania huku wakicheka. Mmoja akajifanya analia, mwingine akajifanya askari na kumpiga mwenzake teke la uongo.

"Shangazi, nipige picha moja!"

Aligeuka. Binti wa kaka yake, damu ya yule yule fundi wa reli, alikuwa amesimama mlangoni mwa seli na shati la mistari, mnyororo mikononi, anatabasamu. Shangazi hakumkaripia. Alimtazama tu. Tabasamu la binti likaondoka polepole, kisha akalivua lile shati kwa haraka mpaka likamkwama kichwani, na Shangazi ndiye aliyemsaidia kulitoa.

"Sikufikiri," binti akasema.

"Najua hukufikiri. Ndiyo maana wameyatundika."

Mwongozaji akawakusanya kwenye ukumbi mrefu wa seli. "Wengi hudhani hapa palikuwa na ukatili," akasema. "Palikuwa na nidhamu tu. Hakuna mfungwa hata mmoja aliyefia humu. Siku ya uhuru malango yalifunguliwa, na wote wakatoka wakiimba!"

"Baba yangu hakutoka," Shangazi akasema.

"Maswali mwishoni, mama."

"Sikuuliza swali."

Watu wengine wakaguna. Yule mwanamke aliyemlilia mbwa akamgeukia, akasema kwa upole ule wa kumtuliza mtoto, "Mama, tuache tusikilize, tumelipa." Shangazi akamtazama, akayameza aliyotaka kumwambia. Kuna maneno yakikutoka huwezi kuyarudisha, na yeye hakuwa amekuja kugombana na wanawake wenzake. Akamshika mkono binti wa kaka yake, wakatoka nje ya foleni ya mwavuli, wakalitafuta jiko.

Jiko lilikuwa mgahawa. Nyuma yake, ua wote ulikuwa umetandikwa vigae vyekundu, na juu ya vigae meza, na juu ya meza vitambaa vyeupe na vijiko. Tangi la maji lilikuwepo, la mawe, limepakwa chokaa na kupambwa kwa vyungu vya maua. Ukuta ulikuwepo. Na kati ya ukuta na tangi, pale pale mama aliposema, palikuwa na meza ya watu wengi, glasi zimeshapangwa.

Shangazi akaushika ukingo wa meza akavuta, glasi zikagongana.

Mhudumu akaja mbio. "Mama, meza hiyo ni ya kundi lenu, chakula kinakuja."

"Basi nisaidie kuisogeza."

"Siruhusiwi, mama."

"Na mimi je, wa kuniruhusu ni nani?"

Binti wa kaka yake hakungoja jibu. Alishika upande wa pili, wakaiburuta meza ile na vitambaa vyake mpaka kwenye vyungu vya maua. Shangazi akapiga magoti juu ya vigae. Gauni lililopigwa pasi mara mbili likagusa makombo ya mkate, asijali. Akafumba macho, akainua viganja kuomba dua kwanza, ndipo asalimie. Midomo ikaanza kutembea.

Wakati huo kundi likaingia kula. Halikuwa peke yake. Basi la pili la kampuni ile ile nalo lilikuwa limefika, na mwongozaji wao alikuwa akihangaika na gari, kwa hiyo mwenye mwavuli akawapokea wote. Wageni hawa wapya hawakumjua Shangazi. Waliona bibi amepiga magoti katikati ya mgahawa, wakasimama, wakaulizana. Mwongozaji naye akaona. Na kwa kuwa kazi yake ni kuhakikisha hakuna kitu kinachomshangaza mgeni bila maelezo, akafanya alichozoea kufanya: akatoa maelezo.

"Na hapa, wageni wetu, tumewaandalia igizo dogo kabla ya chakula. Mjane wa mfungwa akiomboleza!"

Mjane! Muda mfupi uliopita hakuna aliyefia humu, sasa kumbe kuna mjane. Na wale wa basi la kwanza, waliokaa naye tangu asubuhi, waliomsikia kwa masikio yao akisema baba yangu hakutoka, walifanya nini? Walivuta viti wakakaa. Mmoja akamsifia: "Anaigiza vizuri."

Simu zikainuliwa. Bwana mmoja wa basi la pili, mtu mwema wala hana ubaya, akasogea kwa kunyata, akatoa noti, akaiweka polepole juu ya viganja vya Shangazi vilivyo wazi.

Shangazi alihisi karatasi. Akafumbua macho, akaitazama ile noti juu ya dua yake.

Watu wakapiga makofi.

Aliinuka, binti wa kaka yake akimshika kiwiko. Alimwendea mwongozaji, akaikunja ile noti vizuri, akaitia kwenye mfuko wa shati lake jeupe, akaubonyeza mfuko kwa vidole kama anavyofanya kwa shati la mteja.

"Chukua, mwanangu. Hii ni yako. Mwigizaji hapa ni wewe."

Mwongozaji aliinama, akamsogelea sikioni, akanong'ona. Lakini mtu anayeishi na kipaza sauti shavuni kutwa nzima husahau kwamba kipo. Mnong'ono ule ukatoka kwenye spika ya kiunoni, ukaenea ua mzima, ukafika mpaka kwa wapishi.

"Mama, nakuomba sana, usiniharibie kazi. Sote tunajua wamo humu chini. Mafundi wa vigae waliiona mifupa, wakaambiwa waendelee. Watu hawawezi kula wakijua."

Ndipo akaisikia sauti yake mwenyewe ikimalizikia ukutani.

Simu zilisimama hewani. Yule mwanamke aliyemlilia mbwa alitazama chini, kwenye vigae, akanyanyua miguu yake miwili kidogo, kisha akaona aibu akaishusha, kisha akainyanyua tena. Hakukuwa na pa kuiweka. Bwana wa noti alikuwa amejifunika mdomo.

Mwongozaji akaupapasa mwavuli, akauinua kama mtu anayezama. "Tuko... tuko pamoja?"

Hakuna aliyeitikia.

"Wamo," Shangazi akasema. "Sio yeye peke yake. Wamo wengi, na mmewatandikia vigae, na mmewawekea meza juu. Mbwa mnamvulia kofia!" Sauti ilimpanda mpaka ikakwaruza, na hakuishusha. "Maisha yangu yote nimeambiwa ngoja. Ngoja lango lifunguliwe, ngoja kundi lijae, maswali mwishoni. Sasa ngojeni nyinyi."

Akawapa mgongo. Alirudi pale kati ya ukuta na tangi, akapiga magoti mahali pale pale. Dua ilikuwa imekatizwa, na yeye si mtu wa kuendeleza kazi iliyochafuliwa. Nguo ikianguka kwenye tope unaianza upya, huipangusi. Akaianza upya, tangu neno la kwanza, akaimaliza, akajipangusa uso kwa viganja. Binti wa kaka yake alikuwa amepiga magoti kando yake. Nyuma yao hakuna kiti kilichosogea wala mtu aliyekohoa.

Akalinyoosha gauni magotini.

"Shikamoo, baba," akasema kwa sauti, wote wasikie.

Kisha akanyamaza, akampa muda wa kutosha mtu kuitikia marahaba, na muda huo ulipopita akaanza kumpa habari za nyumbani.