Dakika Tatu za Volkmar

Kwa miaka ishirini na tisa Volkmar Deichsel aliigiza katika filamu ambazo majumba makubwa ya sinema ya Berlin hayakuzitaka. Katika moja alikuwa kivuli ukutani. Katika nyingine alionekana mgongo tu, dakika arobaini, akimenya viazi. Mama yake, Edeltraud, alizitazama zote, na kila mara aliuliza, "Kwani wewe ulikuwa yupi?"

Sasa macho ya mama yalikuwa yanafifia. Daktari alisema Krismasi haitamkuta anaona. Volkmar akamwendea Hedda Brüning, mwongozaji wake tangu ujanani.

"Nionyeshe uso, Hedda. Dakika tatu tu. Mama anione."

"Kumbe na wewe unataka kuwa staa wa televisheni!" Hedda alicheka. Kisha akamtazama vizuri, akaacha kucheka. "Haya, mzee wangu. Dakika tatu."

Walipiga picha asubuhi moja, kando ya dirisha. Volkmar aliielekea kamera. Alimwomba Mungu kimoyomoyo, na machozi yakamtoka yenyewe. Hedda alizima kamera akageukia ukuta.

Hedda alikuwa na mtindo wake: mkanda ukishasafishwa, aliufukia bustanini wiki sita ili udongo uile rangi na ukungu uchore upendavyo. Safari hii wa kufukiwa ulikuwa mkanda mwingine, wa picha za miti; ule wa uso wa Volkmar ungebaki safi. Nakala hawakuwahi kutengeneza. Makopo ya mikanda hayakuandikwa kitu; Hedda aliyajua kwa mahali yalipokaa mezani. Na kwa kuwa kila mtu alifanya kila kazi, aliyeshika sepetu alikuwa Volkmar. Alisahau kwamba asubuhi hiyo ya kufukia aliyasogeza makopo mwenyewe, apate pa kuweka mkate.

Waliufukua siku moja kabla ya onyesho. Hedda akauinua mkanda kwenye mwanga.

"Volkmar," alisema polepole, "miti iko wapi?"

Volkmar alipiga magoti kwenye tope. "Tupige tena. Leo hii, Hedda, nakusihi!"

"Kwa kamera gani? Nimeshairudisha."

Usiku ule Volkmar hakulala. Aliomba mpaka maneno yakamwishia.

Kesho yake, katika chumba kilichokuwa cha dobi, mama aliketishwa mstari wa mbele, kavaa koti lake la kanisani. Mwanga wa projekta ukawaka. Kwenye kitambaa cheupe cha sinema, uso wa mwanawe ulikuwa madoa ya kijani. Palipokuwa na macho palikuwa na matundu. Watu walinong'ona kwamba ni ajabu, ni uzuri mtupu.

Volkmar hakuweza kuvumilia. Aliinuka, akaenda kusimama mbele ya kitambaa, uso wake ndani ya ule mwanga, machozi yakimtiririka, akimtazama mama yake.

Mama alifinya macho. Akamgusa mkono Hedda, aliyeketi kando yake.

"Mwanangu, hebu mwambie huyo bwana akae chini," alisema. "Anatuzibia. Volkmar wangu hajatokea bado."