Taa Niliyoihamisha

Vumbi lilikuwa likicheza kwenye mwanga wa taa yangu, Verna, na chini ya vumbi hilo ulisimama wewe. Mimi nilikuwa juu darini mwa studio, kwenye ubao mwembamba, nimeshika taa yenye joto la tanuri. Mwaka ulikuwa hamsini na nne. Ulikuwa mke wangu wa miezi saba, na hiyo ndiyo ilikuwa filamu yako ya kwanza yenye maneno zaidi ya "Kahawa, bwana?"

Uliigiza kama mdogo wake Marguerite Vail, yule ambaye uso wake ulibandikwa milangoni mwa sinema kote nchini. Kamera ilimtazama yeye. Wewe ulisimama kando ya kamera, nje ya picha, ukimpa maneno yako ili apate wa kumlilia. Ndivyo kazi ilivyokuwa: nyota huchukuliwa kwanza, mwenzake humsaidia.

Nawe, mke wangu, hukujua kusaidia nusunusu. Ulilia. Ulilia mpaka fundi wa sauti akavua kofia.

"Wee Clyde, umelala huko juu?" akafoka Bwana Halloran, mwongozaji. "Unammwagia Verna mwanga wa bure! Itoe hiyo! Yote kwa Bi Marguerite!"

Nikaihamisha. Mimi ndiye niliyekuwa na taa. Nilikuona ukimezwa na giza, na humo gizani uliendelea kulia.

"Umeniliza kweli, mpenzi," Marguerite akakwambia akijifuta uso, kisha akaenda zake nyumbani.

Zamu yako ilikuwa baada ya chakula. Mama Pruitt, karani aliyeshika maandishi ya filamu, akaketi pale pa Marguerite, akakusomea maneno kama anayesoma orodha ya dobi, huku akimung'unya peremende. Macho yako yalikuwa makavu. Machozi ulikuwa umeshayamaliza.

"Nipe dakika tano tu, Bwana Halloran."

"Dakika zimekwisha, mwanangu. Usijali, mgongo wako tulishaupata asubuhi, kwenye picha ya ninyi wawili. Mgongo unatosha."

Jioni, tukitoka getini, uliniuliza, "Clyde, ulikuwa juu pale. Nililia vizuri?"

Sisi watu wa taa tuna majivuno yetu: hatutazami waigizaji, tunatazama vivuli. Tena nilikuwa na aibu ya mkono wangu. Nikakujibu, "Sijui, mpenzi. Nilikuwa natazama kivuli."

Ukacheka. Hukuuliza tena, miaka ishirini na miwili.

Ulicheka pia mama yako alipoandika kutoka Nebraska kwamba sinema nzima imeutambua mgongo wako. "Hakuna mgongo maarufu kama wangu mji wote huu wa Burbank," ukawa unawaambia majirani, ukiwakatia keki ya tufaha. Kisha ikaja televisheni, ukawa muuguzi, mwenye nyumba, shahidi wa pili mahakamani, muuguzi tena. Ulifika kabla ya wote, maneno umeyashika, viatu vyako mwenyewe mkobani. Nami kila kipindi nilikaa mbele ya televisheni nikiungoja uso ule wa siku ile. Haukurudi. Nadhani ulikuwa ukingoja mtu mmoja akwambie kwamba alikuona, na mtu huyo alikuwa akilala kitanda kimoja nawe.

Februari tukakuzika. Gazeti likakupa mistari minne, na katika minne hiyo likakosea jina la baba yako.

Jumapili hii, saa nane mchana, waliirusha ile filamu kwenye televisheni. Nikauona mgongo wako, nikalia kama mtoto. Kisha ukaja uso wa Marguerite, umejaa kioo kizima, machozi yakitiririka. Watu mpaka leo wanayasifu machozi yale. Lakini macho yake hayakunitazama mimi. Yalitazama pembeni, nje ya kioo, mkono wa kushoto, na mimi namjua aliyesimama pale.

Nikageuka nami kushoto. Kilikuwepo kiti chako cha kufumia, kwenye kivuli cha pazia.

Nikainuka, nikalivuta pazia lote. Jua likaingia likakijaza kiti, na vumbi likaanza kucheza juu yake, taratibu, kama zamani. Marguerite alikuwa bado akilia kuelekea huko.

"Nilikuona, Verna," nikasema. "Ulilia vizuri. Sijaona tena mtu akilia vile."

Nikasimama pale nimelishika pazia mpaka mkono ukafa ganzi. Safari hii sikuhamisha kitu. Jua lilihama lenyewe.