Kobe Hakuhama

Asubuhi ile fundi wa kuunga mifupa ya wanyama alimpa kobe mabega ya mbuzi. Mifupa yenyewe ilikuwa ya kobe huyo huyo, ila aliibandika juu ya gamba, kama vile anapanga mbuzi. Mkuu wa karakana ya makumbusho alipita na kikombe chake cha chai, akasimama.

"Mama, huyo anahamia wapi na mzigo mgongoni?"

Fundi akatazama. Kila mwanagenzi aliyepita mikononi mwake alifundishwa jambo hili kabla ya yote: kobe mabega yake yamo ndani ya mbavu, si nje kama yetu. Alipaswa kuona haya. Hakuhisi kitu. Aliibandua mifupa kabla gundi haijakauka, akaifuta kwa kitambaa.

Mkuu akajutia utani wake. "Nenda nyumbani ukapumzike."

"Nyumbani nitafanya nini?"

Ndivyo alivyokuwa tangu mumewe aanguke kazini asiamke tena: ganzi mwili mzima. Alipika, alifua, aliitikia pole za watu, na chozi halikumtoka, hata wifi yake akaanza kumtazama kwa jicho la pembeni. Na tusimsingizie, alimpenda sana mumewe. Machozi hayaji kwa kuitwa.

Lililokuwa baya ni la binti yao. Wakati wa mazishi mtoto alikuwa kwa bibi yake, na aliporudi akauliza baba yuko wapi, mama alijibu, "Ametoka." Basi. Tangu hapo kila jioni mtoto alipanga viatu vya baba mlangoni, ili akija asihangaike kuvitafuta.

Jana wifi alimvuta jikoni. "Kesho kutwa shule inafunguliwa. Wenzake wote wanajua. Unataka aambiwe na watoto uwanjani?"

"Nitamwambia."

"Ulisema hivyo juzi, wifi. Kesho jioni nakuja. Nikikuta hujamwambia, namwambia mwenyewe."

Leo ndiyo ile kesho. Mtoto alikuwa amekaa kwenye kigoda kando ya meza ya kazi, anachezea brashi, na mama hakuwa amesema neno. Kila alipofungua kinywa, aliomba aletewe gundi.

Kobe huyo walimjua wote wawili. Alifugwa katika ua wa nyuma wa makumbusho, na mtoto alikuwa akimkuna gamba kwa kijiti, kobe ananyanyua matako kwa raha. "Anahisi," mama alimweleza siku zile. "Gamba ni mfupa hai." Kobe alipokufa, mama alipita njia ya mkato: alisema amehama, ameacha nyumba yake. Uongo wa pili, ule wa baba, ulifuata huo wa kwanza bila shida.

Ukutani palikuwa na mchoro wa wanyama watatu. Mtoto akaunyooshea brashi.

"Huyu wa katikati amesahau kuvaa juu."

"Hakuvaa," mama akasema, macho yakiwa kwenye kazi. "Hao ni mababu wa kobe, wa zamani mno. Wa kwanza hana gamba, ila tazama mbavu zake, pana kama vijiko. Huenda zilimsaidia kuchimba. Wa pili amepata ngao ya tumbo, mgongo bado wazi. Baadaye mbavu zikapanuka, zikaungana, zikawa gamba. Ndiyo maana kobe hatanui kifua akipumua. Mbavu zimeshapata kazi nyingine, anapumua kwa misuli ya tumboni."

Kwenye mifupa hakujua kudanganya. Maneno yalimtoka yenyewe, kwa mazoea ya kazi.

Mtoto aliinuka. Gamba lilikuwa limelazwa chali, ngao ya tumbo imekatwa kwa msumeno na kuwekwa kando. Akachungulia ndani, akapitisha kidole kwenye mstari wa katikati, pingili moja baada ya nyingine.

"Huu mgongo wa nani?"

"Wake."

"Na hizi mbavu?"

"Zake."

Kidole kikasimama. "Sasa alihamaje akaacha mgongo?"

Mama akaweka chini koleo. "Hakuhama. Alikufa. Nilikudanganya."

Paji la uso la mtoto likakunjamana kama la baba yake. Kisha uso ukakunjuka.

"Baba aliacha viatu tu. Viatu vinavuliwa."

Hapo ndipo fundi angeweza kuomba gundi tena. Alimshika mtoto mabega yote mawili.

"Baba hakutoka, mwanangu. Baba alikufa."

"Kama kobe?"

"Kama kobe."

Mtoto hakupiga kelele. Alilia taratibu, uso ameuficha kwenye aproni ya mama iliyonuka gundi, na mama alimshika, akingoja machozi yake mwenyewe yaje. Hayakuja. Baadaye mkono mdogo ukazunguka nyuma, ukaanza kumkuna mgongo kwa kucha, polepole, kama alivyokuwa akimkuna kobe.

"Unahisi?"

Fundi alitaka kusema ndiyo. Akatulia kwanza, akautafuta mkono ule mgongoni mwake, maana leo hakutaka kudanganya tena.

"Kidogo," akasema. "Usiache."