Chai ya Mama Haikupoa

Fundi wa friji alikuwa na msemo wake mmoja, na wateja walishachoka kuusikia: friji haitengenezi baridi. "Inatoa joto ndani na kulitupa nyuma," alisema kila mara, amechuchumaa, bisibisi mkononi. "Ukiibana ukutani joto linakosa pa kwenda. Iachie nafasi ipumue." Mtaa mzima ulimwita Baridi, naye akaitika. Mtu mwenye msemo kama huo, kwa kosa alilokuja kulifanya, hakuwa na pa kujitetea.

Mama yake alikuwa mahututi katika chumba cha mbele. Daktari alikuja, akampima, kisha akamvuta Baridi pembeni na kumwambia kwamba mgonjwa hafiki kesho. Baridi alikuwa mtoto wa pekee. Baba, aliyemwoa mama akiwa tayari na mvi, alifariki yeye akiwa bado anabebwa mgongoni, na tangu hapo hakuwahi hata siku moja kujiuliza dunia bila mama inakaaje. Hakulia. Alikwenda karakana, akarudi akisukuma ile mashine aliyohangaika nayo miaka nenda miaka rudi, ambayo mkewe aliiita mke mwenza.

Kwa kuitazama ilikuwa friji mbovu iliyong'olewa mlango. Kazi yake ilikuwa kutuliza muda: katika chumba ilimofungwa, saa ziligoma kutembea. Alishaijaribu kwa maziwa na maziwa hayakuchacha. Sasa aliiweka karibu na kitanda, akatoboa matundu ukutani nyuma yake kama fundi yeyote angefanya, akamwekea mama kikombe cha chai ya moto mezani, akatoka nje na kubonyeza swichi iliyokuwa mlangoni.

Ikafanya kazi. Kesho ikaja, keshokutwa ikaja, mama yupo, na mvuke wa chai umesimama juu ya kikombe. Baridi alipozidiwa na hamu ya kumsikia alizima kidogo, akaingia, wakasemezana mawili matatu, akatoka na kuwasha tena. Aliyafanyia uchoyo maneno hayo, kwa sababu kila neno lilikula kile kidogo kilichobaki. Kwa upande wa mama, ulikuwa ni mchana mmoja tu, na mwanawe anaingia na kutoka kama mtu aliyesahau funguo.

"Mbona huketi?" mama alilalamika. "Halafu hilo lidude lako kila ukiingia linanguruma kama tumbo lenye njaa."

"Nakuja, mama. Pumzika."

Nyuma ya ukuta ule alilala bintiye, Chiriku, aliyeitwa hivyo kwa sababu mdomo wake haukuwa na breki. Aliyegundua kwanza ni mke wa Baridi, maana alikuwa fundi cherehani na vipimo vya mwanawe alivijua kwa kichwa. Alishusha upindo wa gauni la shule. Muda si muda akaushusha tena. Mara ya tatu hapakuwa na upindo wa kushusha. Halafu asubuhi moja Chiriku alitoka chumbani akiwa sawa na mama yake kwa urefu, kitabu cha darasa la pili kwapani, na hasemi kitu.

Mkewe Baridi aliingia karakana na gauni lile mkononi.

"Baba Chiriku, nikuulize. Huo muda unaomwondolea mama, unautupa wapi?"

Bisibisi ilimdondoka. Hakuhitaji kuelezwa zaidi. Aliyaona matundu yale ukutani kana kwamba ndiyo kwanza anayatoboa, na upande wa pili kitanda kidogo cha mwanawe. Mkono ulifanya kwa mazoea, kichwa hakikuuliza.

"Naapa sikuwaza, mke wangu."

"Mtoto wangu amekua bila kucheza. Zima."

"Nikizima, mama anakufa."

"Na usipozima?"

Baridi alikwenda akahamishia kitanda cha Chiriku sebuleni, akadhani amemaliza. Wapi! Chumba kilipobaki kitupu hata usiku mashine ikaanza kukohoa na kuzimika, kwani muda nao ulitaka kiumbe wa kuubeba. Akamfungia kuku humo. Kuku akazeeka, akapofuka, akafa kabla hata hajamaliza mahindi yake. Baridi alimtoa yule kuku, kisha akatandika godoro lake sakafuni palepale, aubebe muda huo mwenyewe. Mkewe alisema mengi siku hiyo, na karibu yote yalikuwa kweli. Baridi aliziba masikio.

Mvi zikaja, zikafuatiwa na magoti, halafu meno. Kompresa, ile mota nzito ya friji, aliyoibeba begani zamani sasa hakuweza hata kuiinua kutoka chini. Watu aliosoma nao darasa moja walipita karakana wakampa shikamoo kwa heshima zote, wasimtambue, naye akaitikia marahaba na kuinama kutafuta spana ambayo haikupotea. Lakini mama yupo. Alijiambia hivyo kila asubuhi alipokuwa akijizoazoa kutoka godoroni: mama yupo.

Tangu atandike godoro lile hakuwa ameingia kwa mama hata mara moja, lakini alasiri moja hamu ilimzidi tena. Akazima, akaingia akiburuta miguu. Mama alifumbua macho, akamkazia, na uso wake wote ukalainika.

"Mume wangu," alisema. "Umekuja kunichukua."

Baridi alishika ukingo wa kitanda.

"Ningoje kidogo tu," mama aliendelea. "Kijana katoka sasa hivi, kanambia anakuja. Siwezi kuondoka bila kumuaga. Tangu asubuhi namsubiri aketi."

"Mama, ni mimi."

"Usinitanie. Mwanangu nywele zake nyeusi tii."

Ilimbidi apige magoti, na haikuwa kazi ndogo. Akauchukua mkono wa mama na kuuweka kisogoni kwake, palipo na kovu la siku alipoanguka juu ya ndoo akiwa mtoto. Vidole vya mama vikalipapasa kovu, vikarudi, vikalipapasa tena. Machozi yakamtoka mama kabla ya neno.

"Umezeekea wapi, mwanangu? Mimi nimefumba macho tu."

Akamweleza yote. Mashine, matundu, Chiriku, kuku. Mama alisikiliza mpaka mwisho, kisha akamfokea, kwa sauti ileile ya enzi za ndoo.

"Nilikuzaa unizike, sikukuzaa tulingane! Na yule mtoto kakukosea nini?" Akahema. "Usirudi kwenye hiyo swichi. Kaa."

Baridi akakaa. Alimwinua mama, akamnywesha chai kidogo kidogo, na wakaongea bila uchoyo: juu ya baba, juu ya nyumba ya kwanza iliyovuja, juu ya hili na lile. Mama alicheka mara moja. Baadaye akasema amechoka, akaegemea bega la mwanawe, na Baridi akaendelea kuongea peke yake kwa muda kabla hajatambua. Kikombe mkononi mwake kilikuwa kimepoa.

Mkewe alimkuta hivyo. Alimlaza mama vizuri, akamfumba macho, akamshika mumewe bega. Kisha, kwa kuwa watu wangeanza kufika na Chiriku hakuwa na gauni hata moja linalomtosha, akatoa kitambaa cheusi kabatini na kumwita.

Chiriku alisimama mlangoni. Alimtazama bibi yake, akamtazama yule mzee aliyekuwa baba yake.

"Baba," alisema, "mimi sasa nina miaka mingapi?"

Baridi hakujua.

"Njoo hapa, mwanangu," mama yake alisema, akivuta tepu shingoni. "Nyoosha mikono nikupime upya."