Fidia ya Mtani

Zuwena Bakary alishuka Nangurukuru na kanga mbili, chupa ya maji na simu, akapanda bodaboda mpaka kijijini kwao Xaveri. Mama yake Xaveri, Bibi Genoveva, alikuwa anazikwa. Na ukoo wa Zuwena ni watani wa ukoo ule tangu enzi za mababu. Msibani mtani hufanya atakalo. Anayemkasirikia hujiaibisha mwenyewe.

Zuwena huyo ndiye aliyetangulia kuifundisha kompyuta kusikia Kiswahili. Aliwarekodi wauza samaki wa Somanga, mama ntilie, walimu, hata wenye kigugumizi, kisha akaiachia mashine ipige hesabu: ikitoka sauti hii, ipi huelekea kuifuata? Yote akayaandika kitabuni. Xaveri, mwenzake wa chuo, akaomba muswada ausome. Kitabu kikatoka na jina la Xaveri peke yake, na uprofesa akaupatia humo. Zuwena alipoandika vingine, watu wakasema anamwiga Xaveri.

Jeneza lilipofika, Zuwena alikwisha shuka kaburini, ametandika kanga, kajilaza.

"Hazikwi mtu hapa!"

Watu wakaangua kicheko. "Mtani kaanza!"

Xaveri akamrushia noti. "Haya toka, mtani, jua kali."

"Kanunulie wembe, ndevu kama beberu! Mimi nataka maneno." Akanyanyua simu. "Kile kitabu kaandika nani? Semea humu. Mama yako anangoja."

Kicheko kikafifia. Maprofesa waliokuja kumzika mama wa mwenzao wakatazamana. Katekista akafunga kitabu cha sala. Shangazi mmoja akafoka, "We Xaveri, mpe mtani anachotaka, tuzike!"

"Kaandika Zuwena," akanong'ona.

"Mashine nimeifunza mimi, naijua. Minong'ono haiitaki. Paza!"

"Kaandika Zuwena Bakary! Mimi nilimwibia!"

Maneno yakajipanga kwenye kioo cha simu. Zuwena akayasoma kwa sauti, polepole, kama mwalimu wa darasa la kwanza, kisha akayatuma kwa mchapishaji pamoja na sauti yenyewe. Ndipo akanyoosha mkono avutwe juu.

Xaveri akamvuta huku akisaga meno. "Nitawaambia ulikuwa utani."

"Utani ni wangu mimi," Zuwena akamjibu, wote wakisikia. "Mfiwa hatanii kaburini kwa mamake."

Akaikung'uta kanga yake pale pale. Vumbi likamwingia Xaveri machoni, wala Zuwena hakumwomba radhi.