Trei Iliyosuguliwa

Asubuhi ya Jumamosi, Lorna Sutcliffe aliingia jikoni kwa marehemu mama yake akaitafuta trei ya kuokea asiione. Alifungua kabati la chini, akafungua na oveni yenyewe. Kumbe ilikuwa imeegemezwa ukutani kando ya sinki, inang'aa kama sarafu mpya, na mwanzoni alidhani ni ya mtu mwingine.

Trei ya mama yake, Enid, ilikuwa nyeusi. Enid alizawadiwa siku ya harusi yake, na kwa miaka arobaini na sita haikuonja sabuni. Kila akimaliza kuoka aliipangusa kwa ile karatasi inayofungiwa siagi, ingali na joto, akairudisha kabatini. Weusi ule ndio uliofanya flapjaki zake, vile vipande vitamu vya nafaka ya oti na shira, zibanduke zenyewe. Wanawake wengine wote bondeni walitandika karatasi chini ya zao. Enid hakutandika, na hakuacha kuwakumbusha.

"Umeiona trei, wifi?" Gaynor, mke wa kaka yake, aliuliza kutoka sebuleni alikokuwa akifunga vikombe kwenye maboksi. "Jana imenitoa jasho. Stilwaya mbili zimeishia pale."

Lorna alisema ameiona. Katika ukoo wao watu hawapigi kelele. Wanasema sawa, kisha wanafunga kabati kwa nguvu kidogo. Alilifunga.

Saa tisa alasiri ilikuwa chai ya mavuno katika kanisa dogo la Wamethodisti, na tangu Lorna apate akili, sahani ya kwanza mezani, ile inayokaa karibu na birika kubwa, ilikuwa ya Enid. Enid alifariki mwezi wa tatu. Kufika Agosti, Bi. Marjorie Pickles, msimamizi wa meza, alikuwa ameanza kusema kwamba nafasi ile ingefaa apewe mwingine, pengine yule mama mgeni anayeweka tende na mbegu za maboga katika flapjaki zake. Lorna, ambaye hata kuomba chumvi mezani huona haya, alisimama mbele ya kamati akasema nafasi ya mama haiendi popote, ataoka yeye. Akishindwa leo, hatakuwa na la kusema tena.

Basi akaoka. Aliyeyusha siagi na sukari nyekundu, akachovya kijiko katika maji ya moto ili shira iteleze isigande, akachota vijiko vinne vya shira ile nzito ya rangi ya dhahabu. Akamwaga oti, akachanganya, akashindilia ndani ya trei kwa mgongo wa kijiko.

Gaynor alikuja kusimama mlangoni. Akauliza kama haweki karatasi.

"Mama hakuweka," Lorna alijibu.

Aliitoa ovenini kingo zikiwa zimeiva na katikati kungali laini, kama inavyotakiwa. Akachora mistari kwa kisu ingali moto, akaiacha ipoe humo humo. Saa nane akainua kipande cha kwanza. Kilikuja nusu, nusu nyingine ilibaki imeng'ang'ania bati. Cha pili kikavunjika, cha tatu kikawa chenga. Hakuna hata kimoja kilichotoka kizima.

Gaynor alitazama, akakohoa. Akaeleza kwamba ndani ya gari ana pakiti mbili za dukani, zenye chokoleti juu; zikipangwa kwenye sahani ya mama nani atajua?

Hapo Lorna aligeuka.

"Miaka arobaini na sita, Gaynor. Umeimaliza kwa stilwaya mbili."

"Nilitaka nyumba iwe safi, watu wanakuja kuiangalia Jumatatu. Ilikuwa chafu, wifi."

"Watu wananunua nyumba, hawanunui trei. Ungeuliza."

"Na wewe ungeweka karatasi. Nilikuuliza."

Hilo lilikuwa kweli, na ndilo lililomchoma kuliko yote. Lorna alichukua mwiko, akakwangua trei nzima hadi pembeni, akamimina mabonge na chenga zote ndani ya bakuli la mama lenye mistari ya buluu. Akavaa koti, akatembea hadi kanisani bila kumngoja mtu.

Bi. Marjorie alichungulia bakulini. Akauliza hivyo ni vitu gani.

"Za Enid."

"Za Enid zilikuwa na pembe nne."

"Mwaka huu ziko bakulini," Lorna alisema, akaliweka karibu na birika, akasimama mbele yake kama mlinzi wa benki.

Watu walipita na vikombe vyao wakitazama pembeni. Kisha akaja mzee Harold Greenwood, jirani wa Enid, aliyekuwa akipewa kipande cha pembeni kila Ijumaa. Alichota bonge kwa kijiko cha chai, akatafuna polepole.

"Katikati imelegea," alisema.

Lorna akalishika bakuli.

"Kama yake," mzee alimalizia, akachota tena.

Kufika saa kumi bakuli lilibaki na kijiko tu. Bi. Marjorie alitoa daftari lake, akaandika kitu kwenye mstari wa kwanza. Alisema mwakani na pembe, tafadhali.

Lorna aliporudi alimkuta Gaynor kwenye sinki, maji ya moto yakitiririka, mkono tayari umeifikia trei. Lorna akafunga bomba. Aliokota karatasi ya siagi kwenye meza, akampa.

"Kwa hii. Na sabuni iache hapo hapo."

Gaynor alipangusa, huku na huku, bila kubisha. Bati likazidi kung'aa.

"Itachukua muda gani kurudi kuwa nyeusi?"

Lorna alikuwa na miaka arobaini na minne. Alipiga hesabu.

"Nitakuwa na tisini," alisema. "Na pembeni pia. Pangusa na pembeni."