Punda wa Chamchela

Wakati wa Mwingereza, gulio la Same lilikuwa uwanja wa vumbi jekundu si mbali na stesheni ya reli. Wapare walishuka mlimani na ndizi na magimbi, Wamasai wakaja na maziwa na ngozi. Zipora, mke wa Sefania, hakukosa gulio. Alishuka na punda wao, mnyama mkorofi mwenye sikio lililochanika, ambaye hata mwinjilisti alishawahi kuonja teke lake.

Siku hiyo jua likiwa utosini, Zipora alimfunga punda kwenye mgunga, mzigo wa ndizi ukiwa bado mgongoni, akaenda kumsalimu Nashilu, mama wa Kimasai aliyezoea kubadilishana naye ndizi kwa maziwa.

"Takwenya!"

"Iko! Leo umechelewa."

Kabla hawajaendelea, watu walianza kupiga kelele. Chamchela lilikuwa linakuja kutoka mbugani, mnara wa vumbi unaozunguka, mrefu kuliko chamchela lolote walilozoea kuona. Kina mama wakajifunika nguo usoni. Likapita juu ya mgunga, likauvuruga, kisha likayeyuka upande wa mlimani.

Zipora alipofumbua macho, punda alikuwa pale pale. Lakini masikio yake yote mawili yalikuwa mazima. Alikuwa amenenepa, na alipomwona Zipora alimsogelea, akamwekea kichwa begani kwa upole. Mgongoni hapakuwa na ndizi. Palikuwa na vibuyu viwili vikubwa vya maji, vimefungwa kwa kamba ya mgomba.

Zipora alilitazama lile fundo la kamba kwa karibu. Lilikuwa fundo alilofundishwa na bibi yake, na tangu bibi afariki hakuwahi kumwona mtu mwingine akilifunga.

"Nani amebadilisha punda wangu?" aliuliza, ingawa aliona wazi kwamba hakuna aliyesogea.

Nashilu akamzunguka yule punda polepole. "Sisi tunalijua jambo hili," alisema. "Ng'ombe wa baba yangu alichukuliwa hivi hivi. Akaletwa mwingine, rangi ile ile, pembe zile zile, lakini anaitika jina jingine. Wazee walisema ipo nchi nyingine kama hii, imelala juu ya hii kama ngozi mbili kitandani. Chamchela likipita katikati, linachanganya vitu."

"Kwa hiyo huyu ana mwenyewe?"

"Mwenyewe ni wewe. Wewe wa kule."

Zipora alifungua kibuyu, akaonja. Maji ya visima vya Same yalikuwa na chumvi, hata chai ikipikwa nayo huwezi kuimaliza. Haya yalikuwa matamu, na yalikuwa bado ya baridi.

Walipoanza safari ya kurudi, punda alitembea vizuri mpaka chini ya mlima. Hapo akaiacha njia. Akapenya kwenye vichaka vya miiba, akaenda kusimama mahali tambarare chini ya mwamba, akalia kwa sauti, kama anayebisha hodi kwao. Zipora alimvuta, akambembeleza, akamsukuma. Hakutikisika. Ikabidi amwache na kupanda kumwita mumewe.

Nyumbani kwao palikuwa pamebanana. Sefania alikuwa wa mwisho kuzaliwa. Yeye na mkewe waliishi kwenye kibanda kimoja uani kwa mama yake, Kaanaeli, pamoja na kaka zake na familia zao, na shamba lilikuwa limegawanywa mpaka fungu lake likawa kama kitambaa cha kichwa. Sefania alishuka mara moja. Mama yake akamfuata nyuma, ananung'unika.

Walimkuta punda anaparua ardhi kwa kwato, anainamisha mdomo, anaunyanyua, anaparua tena pale pale.

"Huyu amezoea kunywa hapa," Sefania alisema.

"Anywe nini, mawe?" Kaanaeli alifoka. "Mwachieni huyo. Ni mnyama wa mashetani."

"Mama, fundo hili ni langu," Zipora alimjibu kwa adabu. "Kama ni shetani, basi ni mimi."

Wakaanza kuchimba. Siku za kwanza udongo ulikuwa laini, kisha likaja jiwe. Sefania akaketi ukingoni, amekata tamaa. "Labda maji yako kule tu. Kule ni kule, mke wangu, na huku ni huku."

"Mkono uliofunga kamba ni wangu. Punda ni yule yule, kasoro sikio na tabia," Zipora alisema, huku anashuka shimoni na mtaimbo. "Kwa nini mlima uwe mwingine?"

Jiwe lilipopasuka, maji yalianza kujipenyeza taratibu, kwanza matope, halafu safi. Zipora alikinga kiganja, akanywa. Yalikuwa matamu kama yale ya kibuyuni. Alicheka mpaka akalia, na Sefania akarukia ndani na viatu vyake.

Wakajenga nyumba hapo. Nashilu na watu wake wakapatana nao: ng'ombe wanywe, samadi ibaki. Kwa samadi hiyo bustani ikastawi, mipapai ikazaa mpaka ikahitaji kuegemezwa miti.

Lakini Zipora alikuwa hatulii kabisa. "Mwenzangu amepata nini?" alimwuliza mumewe. "Punda wa mateke na mzigo wa ndizi."

"Na punda wetu atakuwa amempeleka kule alikozoea," Sefania alisema, anacheka. "Moja kwa moja mpaka uani kwa mama!"

Zipora naye alicheka, lakini gulio lililofuata alishuka na kapu la mapapai bora. Akaliweka chini ya mgunga, akangoja. Siku hiyo hakuna kilichokuja, wala gulio la baadaye. Kisha, mchana mmoja wa joto kali, chamchela lilipita tena, na vumbi lilipotulia, mahali pa kapu lake palikuwa na lingine. Ndani yake mlikuwa na magimbi ya mlimani, makubwa, na kifurushi kidogo cha jani la mgomba kilichojaa ugoro.

Zipora hakuvuta ugoro. Alipanda nacho mpaka kwa mama mkwe, mpenda ugoro.

"Shikamoo mama. Nimeletewa hiki na chamchela, pamoja na magimbi."

"Marahaba." Kaanaeli alinusa kidogo tu, akapiga chafya, macho yakamtoka. Akanusa tena. "Nani mwingine anaweka magadi mengi hivi? Huu nimeusaga mimi! Kwa hiyo na huko nipo. Na huyo mkwe wangu amefika kunisalimu."

"Inaelekea amefika, mama."

"Na amepewa magimbi. Basi wanapatana."

Jioni ile alishuka na Zipora, kwa mara ya kwanza tangu nyumba ijengwe, akisema anakwenda tu kuona hicho kisima. Alilalamikia joto, akalalamikia mbu, akasema paa limeezekwa vibaya. Kisha akaomba kata nyingine ya maji, akaketi kwenye kigoda mlangoni, na alipoulizwa atarudi lini mlimani alisema wasimharakishe.